Darasani Hapana, Shimoni Ndiyo

Kila semista inapokwisha, chuoni kwetu tunapewa fomu ya kumtathmini mhadhiri. Maswali yake hata wewe ambaye hukusoma kwetu unaweza kuyakisia. Je, mhadhiri aliingia darasani kwa wakati? Je, alitoa mpango wa kozi wiki ya kwanza? Je, slaidi zake zilisomeka? Unachagua moja hadi tano, unatuma, ndipo unafunguliwa kuona matokeo yako. Wengi wetu tunashuka na tano mpaka chini, yaishe. Mimi Dokta wa akiolojia nilimjazia kwa haki, swali kwa swali, akapata alama ambayo mtu hawezi kwenda nayo mbele ya kamati ya kupandishwa cheo. Sijutii. Ila fomu ile haikuuliza mambo niliyotaka kuyasema, ya kumsifu na ya kumlaumu, kwa hiyo nayaleta hapa.

Jina simtaji na chuo sikitaji. Waliosoma naye watamjua kabla ya aya ya tano.

Nianze na darasani, maana huko hakuna mengi. Dokta alikuwa akiingia saa mbili kamili asubuhi (kwa hili la muda nilimpa tano), anachomeka flashi, anawasha projekta, anasoma. Slaidi zilijaa maneno toka juu mpaka chini, kwa Kiingereza kile cha ripoti, naye anazisoma bila kupandisha sauti wala kuishusha, na akifika mwisho anabonyeza inayofuata. Madesa ya kozi yalikuwa yakiuzwa steshenari ya nje ya geti tangu kabla hatujadahiliwa, na hayakubadilika: hata kosa la herufi kwenye neno Zinjanthropus, jina la lile fuvu la kale la Olduvai, lilikuwa palepale. Waliokaa nyuma walilala. Waliokaa mbele walilala kwa adabu.

Na ujue ukumbi wenyewe ulikuwa na watu wa namna gani. Wachache sana tuliiomba akiolojia. Wengi walitoka HGL na HGK (michepuo ya historia, jiografia na lugha) wakitaka sheria, mfumo wa udahili ukawatupa huku. Nyumbani hakuna aliyejua tunasoma nini. Mjomba wangu aliniuliza, nikamweleza kwa kirefu, akaitikia kwa kuridhika kabisa: "Ahaa, ile ya dinosaria." Nimechoka kulieleza hili, lakini acha niliseme mara moja hapa. Dinosaria wa Tendaguru, kule Lindi, walichimbuliwa na Wajerumani kati ya 1909 na 1913, na mmoja wao amesimamishwa kwenye makumbusho ya Berlin mpaka leo. Hiyo ni kazi ya wanapaleontolojia, wanaochunguza mabaki ya viumbe wa kale. Sisi tunashughulika na binadamu na alichokiacha nyuma, na vifaa vya mawe vya kale kuliko vyote vinavyojulikana, vile vya Lomekwi karibu na Ziwa Turkana, vina miaka milioni 3.3. Dinosaria walikuwa wametoweka zaidi ya miaka milioni 60 kabla ya hapo. Mwanafunzi aliyemuuliza Dokta swali la dinosaria wiki ya kwanza aliangaliwa tu, kimya, mpaka akakaa mwenyewe.

Kitu kimoja kilituamsha: siku ya kurudishiwa karatasi. Dokta alisahihisha kwa kalamu nyekundu, na pembeni mwa insha zetu za Kiingereza aliandika neno moja la Kiswahili. Umejuaje? Ukisema watu wa Kilwa walikuwa matajiri, umejuaje? Ukisema mji ulihamwa kwa sababu ya vita, umejuaje? Halikuwa swali la kejeli. Alitaka jibu, na kila palipokosa jibu palikatwa alama. Supu (mitihani ya marudio) za kozi yake zilikuwa nyingi kwa sababu hiyo, na jina alilopewa na wanafunzi, likarithiwa mwaka hadi mwaka, lilikuwa hilohilo: Umejuaje.

Mwenzetu mmoja mwenyeji wa Kilwa aliandika insha ya kujivunia kwao. Mwaka 1944 askari mmoja wa Australia aliokota sarafu za zamani kwenye mchanga wa visiwa vya Wessel, kaskazini kabisa mwa nchi hiyo, na miaka mingi baadaye ikagundulika kwamba tano kati ya hizo ni sarafu za shaba za masultani wa Kilwa. Habari hiyo ni ya kweli. Mwenzetu akaanzia hapo, akasafiri: mabaharia wa Kilwa walifika Australia kabla ya Wazungu, wakafanya biashara, wakarudi. Insha ilikuwa tamu. Tulikuwa tumeshaisoma hosteli tukaipigia makofi. Ikarudi na Umejuaje tatu kwenye ukurasa mmoja, na chini kabisa: "Sarafu nne za Kiholanzi umezipeleka wapi?"

Kwani pamoja na zile tano za Kilwa, ziliokotwa na nne za kampuni ya Kiholanzi ya India Mashariki, za karne ya 17 na 18. Maana yake sarafu za Kilwa zingeweza kufika kule miaka mia kadhaa baada ya kufuliwa, mfukoni mwa mtu yeyote, ndani ya chombo chochote. Haiwezekani kujua zilibebwa na nani kwa kuziangalia tu. Mwenzetu alinuna wiki nzima, na mimi nilikuwa upande wake. Nilimwona Dokta ni mtu anayefurahia kuharibu shangwe za watoto wa watu.

Mwaka wa pili tukaenda field.

Tulipelekwa kijiji kimoja cha pwani ya kusini. Kuna gofu la msikiti mdogo wa mawe ya matumbawe, na nyuma yake shamba la minazi ambalo ukitembea unakanyaga vigae kila hatua. Boom, ile pesa ya mkopo ya kujikimu, lilichelewa kama kawaida yake. Tulilala kwenye madarasa ya shule ya msingi iliyokuwa likizo, tukala ugali na dagaa asubuhi, mchana na jioni. Vifaa vyenyewe havikuwa vya ajabu, na mtu aliyewahi kusaidia fundi ujenzi angevitambua vyote: vigingi, kamba, tepu, pimamaji, timazi, ndoo, karai, beleshi, miko iliyonolewa kingo, na chekeche la waya lenye matundu ya milimita 5. Ukiongeza brashi za rangi, mifuko ya nailoni, daftari, na kile kitabu cha Munsell cha kulinganishia rangi za udongo, ambacho ndicho kitu pekee ghali na Dokta alilala nacho. Mraba ni mita mbili kwa mbili. Unashuka sentimita kumi kumi, isipokuwa udongo ukibadilika kabla ya kumi. Hapo unasimama, unaandika, unaanza namba mpya.

Asubuhi ya kwanza Dokta alivua viatu, akafunga kanga kiunoni juu ya suruali, akaingia shimoni, na akaanza kusema Kiswahili. Kiswahili cha Mrima, cha kwao, chenye utani ndani yake. Tulitazamana. Mwanamke aliyetusomea slaidi miezi ile yote alikuwa nani?

"Nyie watoto," alisema, "udongo unalala kwa zamu. Aliyetangulia kulala yuko chini. Sasa shida si waliolala, shida ni wachokozi." Wachokozi ni panya, mizizi ya mnazi, makaburi na vyoo. Akatuonyesha kwenye ukuta wa shimo doa la udongo mweusi lililoanzia karibu na juu likateremka kukata matabaka yote: choo cha zamani. Kipande cha kaure ya Kichina kilichotoka ndani ya doa lile, mita moja na zaidi kwenda chini, kilikuwa kipya kuliko chungu kilichotoka nusu ya kina hicho nje ya doa. Aliyepima kina bila kuangalia rangi angesema uongo huku ushahidi ameushika mkononi. Tabaka na mkato wa tabaka nilishavisoma kwenye madesa, na mchoro upo. Lakini mchoro hauna panya.

Au mkaa. Madesa yanasema kila kilicho hai huvuta kaboni, kikifa kaboni-14 iliyomo inapungua nusu kila baada ya miaka 5,730, na maabara inapima kilichobaki. Sawa. Ambalo halimo kwenye madesa ni swali alilouliza Dokta tulipookota kipande cha kwanza kwa ncha ya mwiko tukataka kushangilia: mkaa huu ni wa mti gani? Tuseme ni wa mvule uliosimama miaka 200 kabla ya kukatwa. Ukafanywa nguzo, nguzo ikakaa miaka 50, nyumba ikabomolewa, nguzo ikawa kuni. Tarehe utakayoletewa na maabara ni ya moyo wa mti ulipokuwa mchanga. Chungu kilichobandikwa juu ya moto ule ni cha vizazi kadhaa baadaye. Ndiyo maana akatukatalia kutuma ule mkaa, akataka punje: mtama ulioungua, kifuu cha nazi, chochote kilichoishi msimu mmoja kikafa. Tukawa tunamimina udongo kwenye pipa la maji, tunakoroga, vilivyoungua vinaelea, tunavichota kwa kitambaa na kuvianika kivulini. Kazi ya kuchosha kuliko kuchimba. Ilikuwa mara ya kwanza nielewe kwamba Umejuaje haikuwa mbinu ya kutufelisha. Mwenyewe alikuwa anajiuliza hivyo mchana kutwa, kwa sauti, na mara nyingi jibu lake lilikuwa "bado."

Siku niliyomkubali kabisa ilikuwa ya vigae. Tabaka la chini lilitoa vipande vyenye pembetatu zilizochorwa shingoni kwa mistari ya kukwaruza. Vyungu vya namna hiyo, vya karne ya 6 hadi ya 10 hivi, vimekutwa kutoka visiwa vya Lamu kushuka hadi Msumbiji, na vingine bara, mbali na bahari. Kwa mpita njia ni taka. Kwa historia ya pwani ndivyo vilivyogeuza kesi ya nani aliyeianzisha miji yake ya kale. Mwanaakiolojia Neville Chittick, aliyechimba Kilwa kwa misimu kadhaa kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1950 na kutoa ripoti yake ya majuzuu mawili mwaka 1974, aliamini miji hii ilianzishwa na wageni waliotoka Ghuba ya Uajemi. Miaka ya 1980 Mark Horton akachimba Shanga, kisiwani Pate huko Kenya, akakuta chini ya msikiti wa Ijumaa misikiti mingine iliyopandana, ya mwanzo kabisa ikiwa midogo, ya miti, ya karne ya 8, tena katikati ya makazi ambayo vyungu vyake vingi ni vya wenyeji. Felix Chami naye mwaka 1994 akatoa kitabu kuhusu pwani ya Tanzania katika milenia ya kwanza, akisema waliofinyanga vyungu vya pembetatu ni watoto wa wakulima wafua chuma wa Kibantu waliokuwa hapahapa kabla yao. Dokta alitueleza haya yote amekaa ukingoni mwa shimo, mhogo wa kuchoma mkononi, na mhogo haukuwa umekwisha alipomaliza. Darasani yalikula wiki tatu.

Kulikuwa na bibi mmoja mfinyanzi aliyekuwa akija kututazama. Alitupokea shikamoo zetu zote moja moja, akakaa, akaomba aonyeshwe tulichonacho. Dokta akampa kigae kikubwa cha begani. Bibi akakigeuza.

"Hiki cha kupikia," akasema. "Masizi yako ubavuni, chini pameungua pakawa pekundu. Kilikaa juu ya mafiga. Na aliyekifinyanga alikuwa na haraka, ndani hakusugua."

"Bibi, umejuaje?" Dokta akamuuliza.

Sisi tukaangua kicheko. Bibi hakuelewa tunachochekea. "Mwanangu, nimefinyanga tangu sijaolewa," akasema, kisha akachukua kigae cha pili bila kuombwa, na cha tatu. Dokta aliandika kila neno, anauliza, anarudia, anaomba aonyeshwe kwa mikono jinsi mtu anavyosugua ndani ya chungu. Zaidi ya saa nzima. Shughuli za shimo zilisimama na hakuna aliyekemewa. Nimesoma na maprofesa wenye vyeo virefu, sijaona mmoja akimsikiliza mtu asiye na cheti kwa namna ile.

Usiku tulikuwa tunakaa barazani mwa shule. Ndipo ulipozuka ubishi wa damu, wa nani ana asili ya wapi, na ukizuka kati ya Watanzania wa pwani haulali mapema. Miongoni mwetu alikuwepo kijana wa Unguja ambaye ukoo wao unajiita Washirazi, yaani wa asili ya Uajemi, na mwingine wa Mbeya aliyekuwa amesoma Chami nusu usiku na kuokoka. Mmoja anasimulia hadithi ya Kilwa, ya Ali bin Hasan aliyetoka Shirazi akakinunua kisiwa kwa vitambaa vya kukizunguka pande zote. Mwingine anasema hizo ni ngano za watu wanaoukana Uafrika wao. Dokta akawaacha wachoke. Kisha akawaletea utafiti wa vinasaba uliotoka Machi 2023 kwenye jarida la Nature: watu 80 wa kale, wengi wao waliozikwa kwenye miji ya pwani kati ya 1250 na 1800. Wengi wao walikuwa na zaidi ya nusu ya asili yao kutoka Afrika, hasa kwa upande wa wanawake, na sehemu kubwa kutoka Asia, hasa kwa wanaume wa Kiajemi, na kuchanganyika kulianza kufikia mwaka 1000 hivi.

Kijana wa Unguja akainuka akicheza. Wa Mbeya naye akainuka, maana kila mmoja aliona ameshinda. Dokta akawauliza wote wawili: hao 80 walizikwa wapi? Kaburi la kando ya msikiti hupewa nani? Na wale wa nyumba za udongo na fito, ambao ndio waliojaa mji, wamo humo? Kisha akaongeza kwamba mwaka 1000 vyungu vya pembetatu vilikuwa vimeshatengenezwa miaka mia nne hivi. Watu walikuwepo na mji ulikuwepo. Wageni walikuja wakaoa mjini. Hadithi ya vitambaa ina kitu ndani yake na si ushahidi wa kila kitu. Akaingia kulala. Nilipenda kwamba hakumpendelea mtu, na nilipenda zaidi kwamba hakusema "ukweli uko katikati," maneno ya wavivu.

Sasa lawama.

Vijiji vingi vya nchi hii, ukifika na tepu na vigingi, watu wana maelezo tayari: umekuja kutafuta mali ya Mjerumani. Dhahabu iliyofukiwa vita vya kwanza, sanduku, rupia. Kuna watu wamepoteza mashamba na akili wakiitafuta. Sisi tulikuwa na barua ya kibali ya Mambo ya Kale na barua ya wilaya, na mwenyekiti wa kijiji alizisoma kwa sauti mkutanoni. Haikusaidia. Vijana tuliowaajiri kwa siku walikuwa wanahesabu mifuko tunayoingiza ndani. Kila tulipofunga kigae kwa uangalifu, ndivyo walivyozidi kuamini si kigae.

Siku ya mwisho tulifukia shimo. Chini kabisa, kabla ya udongo wa kwanza, tulitandika nailoni na kuweka sarafu ya mwaka ule, ili atakayechimba miaka ijayo ajue sisi tuliishia hapa. Wazee wakaja. Mmoja wao akauliza kwa heshima kabisa: "Mwalimu, sasa mmepata nini?"

Dokta akajibu, "Vigae, mzee wangu. Na mifupa ya samaki."

Mzee akashukuru, akaondoka. Ulikuwa ukweli mtupu, na lilikuwa jibu baya kuliko yote niliyomsikia akitoa. Mtu aliyeweza kutueleza miaka elfu na zaidi ya kijiji kile kwa muda wa kumaliza mhogo mmoja, kwa lugha ambayo wazee wale wanaiongea kuliko sisi, aliwapa sentensi moja. Wakaenda na Mjerumani wao.

Miezi baadaye ripoti ikatoka. Kurasa nyingi, Kiingereza, nakala zikaenda ofisi zinazohusika, na makala ikapelekwa jarida la nje ambalo ukitaka kulisoma unalipa dola. Yule bibi mfinyanzi yumo, kwenye kifungu kimoja, kama maelezo ya wenyeji. Jina lake halimo. Kijijini haikwenda hata karatasi moja. Nilimfuata Dokta ofisini nikamuuliza, kwa adabu, huku najua kozi moja yake bado sijaifanya mtihani. Hakukasirika. Alisema kitabu kidogo cha Kiswahili cha kugawa kijijini hakimpi alama za kupanda cheo, makala ya jarida inampa. Alisema pia pesa za utafiti zinaishia kwenye vipimo vya maabara. Yote mawili ni kweli, kila mhadhiri atakuambia hivyohivyo.

Lakini ni yeye aliyenifundisha kutokubali jibu kwa sababu tu ni kweli. Maelezo ya vyeo yanatosha kwa mhadhiri kijana anayehangaikia mkataba. Yeye alishapanda, na jina lake halitishiwi na mtu. Kurasa nane za Kiswahili, picha nne, fotokopi hamsini: gharama yake ni chini ya mafuta ya gari lililotupeleka. Na msemaji alikuwepo, kwa sababu nilimsikia. Kinachoniuma ni kwamba maelezo mazuri kuliko yote ya akiolojia ya pwani niliyowahi kuyasikia kwa Kiswahili hayajaandikwa popote. Yalisemwa shimoni, yakafukiwa na nailoni.

Na mfano wa kufanya vinginevyo alikuwa nao mwenyewe, slaidi ya wiki ya sita. Katuruka, Buhaya, mkoani Kagera. Peter Schmidt alifika kule mwishoni mwa miaka ya 1960 akakaa na wazee, wakamsimulia habari za mfalme Rugomora Mahe na mnara wa chuma, wakampeleka mpaka kwenye mti wa Kaiija mahali chuma kilipofuliwa. Akachimba pale walipomwonyesha, akapata masalia ya ufuaji chuma wa zaidi ya miaka 2,000. Mwaka 1976 wazee Wahaya wakajenga tanuri upya kama walivyofanya ujanani, wakatia mirija ya udongo mpaka ndani ya tanuri, wakavukuta, mavi ya chuma yakatiririka, na joto lililopimwa likawashangaza wasomi wa nje. Mwaka 1978 habari hiyo ilitoka kwenye jarida la Science. Watu wa Katuruka hawakuachiwa jibu la sentensi moja, na miaka mingi baadaye wenyewe ndio waliosimama kufufua na kutunza mahali pao. Dokta alisoma slaidi ile kwa sauti ileile moja. Nafikiri aliiamini. Nafikiri pia darasani, kwa Kiingereza, hakuwa na njia ya kuonyesha kwamba anaiamini, na huko ambako angeweza, hakujipa kazi hiyo.

Watu wananiuliza kama basi ni mwalimu mzuri au mbaya. Swali hilo nimelikataa hata kwenye fomu. Chuo kikuu kinafundisha kwa Kiingereza, na kuna wahadhiri wanaoweza kuwa wao wenyewe ndani ya lugha hiyo. Dokta hawezi, kama nusu ya wanafunzi wake wasivyoweza. Kwa hiyo ukumbi mzima unaigiza saa mbili kila wiki. Ningekuwa mkuu wa idara ningemwondolea mihadhara yote, nimpe field mwaka mzima, na nimlazimishe kuandika kila anachosema kule. Angegoma. Angesema muda hana, angeandika Umejuaje pembeni ya waraka wangu.

Kwa mliochaguliwa mwaka huu na kozi yake mmeiona kwenye ratiba, haya ndiyo ninayowaachia. Msinunue madesa, yapo mtandaoni bure, na kosa la Zinjanthropus msilinakili. Insha andikeni fupi. Kila sentensi mnayoweka mjue itaulizwa. Msitaje sarafu za Australia. Field nendeni wote, hata kama boom halijatoka, kopeni. Bebeni viatu vya kufunika vidole na dawa ya mbu. Na yeye akikaa ukingoni mwa shimo na mhogo, mtu mmoja ashike simu arekodi, mwombeni ruhusa kwanza. Mimi nitawasaidia kuandika na kupiga chapa. Fotokopi hamsini nalipa.